Kuondoa Ombi Mahakama Kuu Uende kwa Ombudsman: Pale Inapolipa na Pale Unapoumia

Kila wakili wa serikali pale Milimani, zilipo mahakama za Nairobi, amelikariri pingamizi hili: mlalamishi ameruka ngazi. Ipo tume, kamishna au jopo lililoundwa na sheria kusikiliza jambo lake, naye amelipita akaenda moja kwa moja kwa jaji. Silaha yenyewe ni kifungu cha 9(2) cha Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya mwaka 2015, kinachoizuia mahakama kupitia uamuzi wa ofisi ya umma kabla ya njia nyingine zote za kisheria kutumika hadi mwisho. Nyuma ya kifungu hicho imesimama kesi ya Spika wa Bunge dhidi ya Karume ya 1992, ambayo mawakili hawachoki kuinukuu: sheria ikiweka utaratibu wa kutatua malalamishi, utaratibu huo ufuatwe.

Hapo ndipo mlalamishi huambiwa: tuiondoe kesi, twende kwa Ombudsman, yaani ofisi inayopokea malalamishi dhidi ya ofisi za umma, ni bure. Ushauri huo una mahali pake, ila hutolewa kirahisi mno, kana kwamba mtu anahama kutoka dirisha moja la benki kwenda lingine. Tunachopima hapa ni huduma yote kwa pamoja, yaani mlango unaoufunga, mlango unaoufungua, na kile unachopewa ukishaingia.

Ombudsman wa Kenya ni Tume ya Haki za Kiutawala, CAJ kwa ufupi, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2011. Makao yake ni Westlands, Nairobi, na malalamishi hupokelewa pia kwenye vituo vya Huduma vya serikali. Halipishi ada. Unaweza kuandika barua, kujaza fomu au kueleza kwa mdomo ukaandikiwa. Na Kiswahili kinakubalika, tofauti na Mahakama Kuu ambako Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai inasema lugha ya kazi ni Kiingereza. Kwa mtu aliyekuwa akilipia kila karatasi, tafauti hiyo anaihisi siku ya kwanza.

Kwa nini lazima kesi iondoke kwanza? Jibu liko katika kifungu cha 30 cha sheria ya tume. Humo yameorodheshwa mambo ambayo tume hairuhusiwi kuyachunguza, na mojawapo ni jambo ambalo bado liko mbele ya mahakama au jopo la kimahakama. Haisaidii kusema kesi imelala, haijatajwa kwa mwaka mzima, au jaji amehamishwa. Maadamu namba ya kesi iko hai kwenye mfumo, mlango wa tume umefungwa. Kuisitisha kwa muda nako hakutoshi, kwa sababu kesi iliyositishwa bado ni kesi.

Lakini soma kifungu hicho mpaka mwisho, maana ndimo mlimo na mtego ambao wengi hawauoni. Tume pia haichunguzi jambo ambalo lina haki ya rufaa au njia nyingine ya kisheria, isipokuwa yenyewe ione si busara kumtarajia mlalamishi aitumie njia hiyo. Sasa fikiria: umeambiwa mahakamani kwamba ungeanza kwa tume, umeondoa kesi, umefika Westlands, na ofisa anafungua faili lako anaona ulikuwa na kesi Mahakama Kuu. Swali lake la kwanza ni halali kabisa: kama ulikuwa na njia ya kisheria na ukaitumia, kwa nini uko hapa? Unarushwa kama mpira wa danadana, mahakama inakutuma kwa tume na tume inakurudisha mahakamani.

Dawa yake ni aya moja ndani ya malalamishi yako, na ajabu ni kwamba karibu hakuna anayeiandika. Eleza kwa maneno yako kwa nini si haki kukutarajia uende mahakamani: gharama ukilinganisha na kiasi unachodai, umri au afya, ukweli kwamba unachotaka ni ofisi itende kazi yake tu na hakuna mgogoro wa kisheria wa kuamuliwa. Kama jaji alisema chochote kuhusu kupitia njia nyingine kwanza, ambatisha ukurasa huo wa uamuzi.

Tukija kwenye kile tume inachoweza kutoa, CAJ ina madirisha mawili, na mtu asipoyatofautisha ataisifu au kuilaani ofisi nzima bila haki.

Dirisha la kwanza ni la utawala mbovu: ucheleweshaji, ukosefu wa adabu, uzembe, matumizi mabaya ya mamlaka, barua zisizojibiwa. Chukua mfano wa mjane anayefuatilia malipo ya uzeeni ya marehemu mumewe. Faili limehama kutoka wizara hadi idara ya pensheni, cheti kimoja kimepotea njiani, na kila akiuliza anaambiwa arudi wiki ijayo. Mtu kama huyu hakustahili kuwa Milimani tangu mwanzo. Barua ya tume humfikia mkuu wa idara akiwa ametajwa kwa cheo, faili likiwa limetajwa kwa namba, na nakala ikiwa na muhuri wa taasisi ya kikatiba. Faili lililokwama kwa sababu ya uvivu husukumwa na barua ya namna hiyo. Hapa tunaipa tume nne kwa tano bila kusita.

Faili lililokwama kwa sababu ofisi haitaki kulipa ni habari nyingine. Mwaka 2021, Mahakama ya Juu, iliyo kilele cha mahakama zote nchini, iliamua kesi ya Bodi ya Utekelezaji wa Ruwaza ya 2030 dhidi ya CAJ. Tume ilikuwa imependekeza mfanyakazi wa zamani alipwe fidia, na bodi ikakataa. Majaji wakasema mapendekezo ya tume katika dirisha hili hayamfungi anayepelekewa, na hayawezi kutekelezwa kwa amri ya mahakama ya kumlazimisha ofisa. Tume ikipuuzwa, inachoweza ni kupeleka ripoti Bungeni. Kwa anayedai fidia ya milioni kadhaa, maana yake ni kwamba ameacha jukwaa linalotoa amri akaenda kwenye linalotoa ushauri. Kwa pesa: moja kwa tano, na hiyo moja ni ya ukarimu.

Dirisha la pili ni la habari, chini ya Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016, na hapa ni ofisi ileile yenye meno tofauti. Kama ombi lako mahakamani lilikuwa la kudai nakala ya mkataba, orodha ya waliopewa viwanja, ripoti ya ukaguzi au mihtasari ya mkutano wa bodi, liondoe bila majuto. Utaratibu wenyewe ni mfupi. Unamwandikia ofisa wa habari wa taasisi, ambaye kwa kawaida ni mkuu wa taasisi yenyewe. Sheria inataja waziwazi kwamba maombi yawe kwa Kiingereza au Kiswahili, na asiyejua kuandika aandikiwe na ofisa. Hakuna ada ya kuomba, isipokuwa gharama ya kutoa nakala. Taasisi ina siku 21 za kujibu, na inaweza kuongeza mara moja tu, siku zisizozidi 14, ikiwa habari ni nyingi au inahitaji kushauriana. Habari inayogusa uhai au uhuru wa mtu hutolewa ndani ya saa 48. Kimya ni kukataliwa.

Ukikataliwa una siku 30 kuomba tume ipitie uamuzi huo. Na hapa tume haipendekezi, inaamuru: inaweza kuagiza habari itolewe. Asiyeridhika ana siku 21 kukata rufaa Mahakama Kuu. Siku hizo zikipita bila rufaa, amri husajiliwa Mahakama Kuu na kutekelezwa kama hukumu ya mahakama hiyo. Hii ndiyo huduma bora kuliko zote tunazozitaja hapa, na ndiyo isiyotumiwa ipasavyo. Kinachoharibu maombi mengi ni upana. "Nataka habari zote kuhusu barabara" hujibiwa kwa kimya au kwa kurasa mia zisizo na kitu. "Nataka nakala ya mkataba namba fulani, kiambatisho cha bei, na cheti cha malipo cha mwisho" hakina pa kukwepea.

Kosa jingine: kupeleka kwa tume barua ambazo wakili aliandika kabla ya kesi, zile za kutishia kushtaki. Barua ya kutishia si ombi la habari. Anza upya na ombi safi linalotaja sheria ya 2016, hesabu siku 21 kutoka muhuri wa kupokelewa, ndipo uende kwa tume. Unaona umepoteza wiki tatu, lakini bila barua hiyo tume haina uamuzi wa kupitia.

Sasa kuondoa kwenyewe. Wengi hudhani ni barua ya mistari miwili, na kwa kesi ya kawaida ya madai karibu ni hivyo: Amri ya 25 ya Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za 2010 inamruhusu mdai kuacha kesi kwa notisi kabla haijapangiwa tarehe ya kusikilizwa, na kuacha huko hakumzuii kufungua nyingine. Ikishapangiwa tarehe, unahitaji makubaliano ya maandishi ya pande zote au idhini ya mahakama.

Ombi la kikatiba, yaani kesi ya kudai haki zilizomo kwenye Katiba, lina kanuni yake, na ndiyo inayowashangaza watu. Ni kanuni ya 27 ya kanuni za 2013, zile zinazoitwa Kanuni za Mutunga kwa jina la aliyekuwa Jaji Mkuu. Mlalamishi hutoa notisi kwa mahakama na kwa upande wa pili kwamba anataka kuondoa ombi, au huomba idhini ya kuliacha. Kisha mahakama huwasikiliza wote, huamua, na hutamka matokeo ya kisheria ya uamuzi huo. Na kuna fungu la tatu: jaji anaweza, kwa sababu atakazoziandika, kuendelea kuisikiliza kesi hata kama mwenyewe hataki tena. Hilo lina mantiki. Ombi linalodai haki za kijiji kizima si mali ya mtu mmoja aliyetia saini, hasa ikionekana ameitwa pembeni akapewa chochote.

Kwa hiyo notisi isiishie kwenye "tunaondoa". Maneno yanayokulinda yaandikwe humo humo, nawe au wakili wako myarudie mbele ya jaji siku ya kutajwa:

Mlalamishi anaondoa ombi lote kwa sababu anakusudia kupeleka malalamishi kwa tume iliyotajwa. Anaomba rekodi isome kwamba ombi limeondolewa. Awe huru kurudi mahakamani juu ya jambo hilohilo iwapo tume haitalimaliza au haitakuwa na mamlaka. Kila upande ujilipie gharama zake. Na dhamana ya gharama, kama iliwekwa, irudishwe.

Neno "limeondolewa" si urembo. Faili likiandikwa "limetupiliwa mbali", ukirudi utakutana na hoja kwamba jambo lilikwisha amuliwa. Likiandikwa "limemalizwa kwa maelewano", umejifungia kabisa, kwa sababu upande wa pili utauliza ni maelewano gani hayo unayoyavunja. Makosa haya hutokea kwenye vikao vya kutajwa kwa haraka, kesi thelathini asubuhi moja kwa video, wakili amekwama mtandaoni, karani anaandika kwa ufupi. Siku hiyohiyo fungua rekodi kwenye mfumo wa mahakama mtandaoni usome kilichoandikwa. Kikiwa na kasoro, kirekebishwe mapema, si baada ya miezi sita.

Kisha chukua nakala ya amri yenyewe, iliyotiwa saini na muhuri. Malalamishi yaliyoambatishwa notisi peke yake hukwama, kwa kuwa notisi inaonyesha nia tu. Amri ndiyo inayoonyesha kwamba kesi haipo tena.

Walalamishi wakiwa wengi, kila mmoja atie saini au wakili awe na idhini ya maandishi ya kila mmoja. Wanne wakiondoka na wa tano akabaki, kesi iko hai, na kifungu cha 30 kinawafuata wote wanne wakiwa na jambo lilelile.

Gharama huleta kelele nyingi, lakini si jambo gumu ukiwahi. Kanuni ya 26 ya kanuni hizohizo za 2013 inaziacha mikononi mwa jaji na kumtaka ahakikishe watu hawafungiwi mlango wa mahakama. Ukiondoa kabla ya majibu kuwasilishwa, upande wa pili hauna kazi kubwa ya kulipishia. Ukiondoa baada ya hati za viapo tatu, hoja za maandishi na mabishano ya amri ya muda, jiandae. Piga simu kwa wakili wa upande wa pili kabla ya kuwasilisha notisi. Wengi hukubali kila mtu abebe mzigo wake iwapo kesi inaondoka bila vurugu. Kubali kwa maandishi, uwasilishe makubaliano pamoja na notisi. Ada ulizolipa kufungua kesi usizipigie hesabu ya kurudi. Na usidharau gharama ulizoamriwa kulipa: katika kesi za madai, ukifungua nyingine bila kuzilipa, mahakama inaweza kuisimamisha hiyo mpya mpaka ulipe.

Tuje kwenye jambo ambalo tungemzuia mtu mlangoni kwa ajili yake: amri ya muda. Amri ya muda hufa pamoja na kesi iliyoizaa. Kama jaji alizuia nyumba isibomolewe, leseni isifutwe au mwanafunzi asifukuzwe, ulinzi huo unakwisha dakika ambayo ombi linaondolewa, na tume haina uwezo wa kutoa amri ya kuzuia inayolingana nayo. Tingatinga halisubiri barua ya Ombudsman. Mwenye amri ya muda mkononi asiondoe kesi mpaka awe na ahadi ya maandishi kutoka upande wa pili kwamba hali itabaki ilivyo, na ahadi hiyo iingizwe kwenye rekodi kabla ya ombi kuondolewa.

Tena si kila pingamizi linastahili kukimbiwa. Mwishoni mwa 2023, katika kesi ya Abidha Nicholus dhidi ya Mwanasheria Mkuu, iliyohusu mazingira, Mahakama ya Juu ilisema kuwepo kwa njia nyingine peke yake hakumfungii mtu mlango wa ombi la kikatiba. Kinachopimwa ni kama njia hiyo inaweza kweli kumpa tiba anayoihitaji. Na kabla ya hapo, mwaka 2020, katika kesi ya Kibos Distillers, mahakama hiyohiyo ilionyesha njia ya kati: masuala ya mazingira yaende kwanza kwenye jopo lake, na yale ya kikatiba yasubiri mahakamani. Kwa majopo, njia hiyo ya kusubiri ni salama kuliko kuondoa. Kwa CAJ haikusaidii, kwa sababu tuliyokwisha kuieleza.

Ipo pia kinga ya kifungu cha 9(4) cha sheria ya 2015: mahakama inaweza kukuondolea sharti la kupitia ngazi za chini iwapo mazingira si ya kawaida. Ila kifungu kinataka mlalamishi aombe. Watu huliweka hilo kama aya ndani ya hoja zao kisha wanashangaa linakataliwa. Wasilisha maombi yake rasmi, na hati ya kiapo inayoeleza ni nini kisicho cha kawaida.

Kwa kulinganisha, tazama Ofisi ya Kamishna wa Ulinzi wa Data. Aliyekuwa ameshtaki mahakamani kwa sababu picha yake imetumika kwenye tangazo bila ruhusa, au mkopeshaji wa simu amewapigia watu waliomo kwenye kitabu chake cha namba, ana sababu nzuri ya kuhama. Malalamishi ni bure, fomu ni moja, na sheria ya 2019 inataka yachunguzwe na kumalizwa ndani ya siku 90. Hakuna kesi ya kikatiba utakayoikadiria hivyo. Maamuzi yake yanafunga, na ofisi haikuogopa kuuma: Septemba 2023 iliitoza shule moja faini ya shilingi 4,550,000 kwa kuweka picha za watoto bila idhini ya wazazi, kampuni ya mikopo ya simu shilingi 2,975,000, na klabu moja ya Nairobi shilingi 1,850,000 kwa picha ya mteja mtandaoni.

Ila faini si fidia. Faini huenda serikalini; wewe unapata kile tu ulichoomba kama fidia na ukakithibitisha. Fomu nyingi huja na hadithi ndefu ya uchungu bila hata mstari mmoja wa kuomba fidia. Andika kwamba unaomba, taja hasara ya pesa kwa risiti, na eleza madhara mengine kwa ushahidi: jumbe ulizopokea, kazi uliyokosa, barua ya daktari. Picha za skrini ziwe na tarehe, jina la ukurasa na anwani yake kamili, kwa maana mtuhumiwa hufuta chapisho siku anapopokea barua ya kamishna.

Siku 90 nazo ni kisu cha makali kuwili. Mahakama Kuu imewahi kutengua uamuzi wa kamishna kwa sababu tu ulitolewa baada ya muda huo kupita. Mlalamishi alikuwa ameshinda, akapoteza kwa kalenda. Hesabu kutoka siku uliyowasilisha, usingoje barua ya kukubaliwa, na ikifika siku ya 60 bila dalili andika kumbusho la heshima lenye namba ya malalamishi na tarehe ya mwisho. Usiwe wewe wa kuchelewesha kwa kuleta ushahidi mpya siku ya 80. Asiyeridhika na uamuzi ana siku 30 kukata rufaa Mahakama Kuu. Kwa madai ya mtu binafsi tunaiweka ofisi hii juu ya mahakama. Kwa mradi wa serikali unaokusanya alama za vidole za nchi nzima, hapana. Hapo unahitaji jaji.

Mamlaka nyingine nyingi hazina nafasi ya kuhamia kabisa, na hili husemwa kwa kifupi kwa sababu halina ubishi. Zabuni: siku 14 kwenda bodi ya mapitio, nayo huamua ndani ya siku 21. Kodi: siku 30 kupinga tathmini, na siku 30 nyingine kwenda jopo la rufaa baada ya uamuzi wa pingamizi. Leseni ya mazingira: siku 60. Ukiwa umekaa mahakamani miezi minane, milango hiyo ilishafungwa, na kuondoa kesi ili uiendee ni kujitoa uwanjani mwenyewe. Bora upambane na pingamizi, ukishindwa uwe na uamuzi wa kukatia rufaa.

Na kalenda haisimami kwa sababu uko kwa Ombudsman. Kuishtaki serikali kwa madhara kuna kikomo cha miezi 12, mkataba nao miaka 3. Mgogoro wa ajira ni miaka 3. Amri ya kufutilia mbali uamuzi chini ya utaratibu wa zamani wa mahakama kupitia maamuzi ya ofisi za umma ni miezi 6. Kesi uliyoiondoa haikuokolei siku hata moja. Siku zinahesabiwa kana kwamba haikuwahi kufunguliwa. Ombi la kikatiba halina kikomo kilichoandikwa, lakini jaji huuliza ulikuwa wapi. Hapo ndipo barua za tume zinakuwa na thamani ya pili: kila moja, ikiwa na tarehe yake, inajibu swali hilo. Zihifadhi zote, hata zile za "tunakiri kupokea".

Ukilazimika kurudi, hati ya kiapo ya kesi mpya itaje ile ya kwanza kwa namba yake, tarehe iliyoondolewa na maneno ya amri, na iambatishe jibu la tume. Anayeficha kwa kudhani kesi iliyoondolewa haihesabiki hukuta amri hiyohiyo imewekwa kwenye kiambatisho cha kwanza cha upande wa pili, na jaji anaisoma kabla hajasoma chochote cha kwake.